Sekunde Arobaini na Moja

Rebeka alifariki siku ya Jumatano. Mimi nilikuwa sokoni napima vitunguu. Mteja alikuwa mama mmoja mwenye hoteli, alitaka kilo ishirini, na simu iliita mizani ikiwa kwenye kilo kumi na nne. Alikuwa shemeji yangu Raheli, anapiga kutoka Shelui. Aliniuliza niko wapi. Nikamwambia niko sokoni.

"Kaa chini kwanza, shemeji," alisema.

Sikukaa. Aliposema kile alichopiga simu kusema, nilirudisha simu mfukoni, nikaongeza vitunguu mpaka kilo ishirini, nikafunga mfuko, nikapokea hela. Yule mama alisema asante. Nikamjibu karibu tena.

Rebeka alikuwa ameondoka alfajiri na basi kwenda Shelui, kwa sababu Raheli, mdogo wake, alikuwa amejifungua wiki hiyo na hakuwa na mtu wa kumpikia. Mtoto wetu Pendo alimwacha kwa jirani. Raheli alinieleza baadaye kwamba dada yake alikuwa uani ananyonyoa kuku. Alisema kichwa kinamuuma, akaomba maji. Raheli alipotoka na kikombe alimkuta amelala ubavu, manyoya ya kuku bado mkononi. Alikuwa na miaka thelathini na moja. Hakuwahi kulalamika kichwa kabla ya siku hiyo.

Tulimzika Ijumaa, Kinampanda, kwenye shamba la baba yangu. Juu ya jeneza tuliweka picha iliyokuzwa kutoka kwenye kitambulisho chake. Fundi wa studio alijitahidi, lakini ilibaki picha ya kitambulisho. Rebeka ndani yake anaonekana kama mtu aliyeulizwa swali na hajui jibu. Nyumbani nilikuwa na picha nyingine mbili. Moja ni ya ndoa, amesimama wima kama nguzo kwa sababu viatu vilikuwa vya kuazima. Nyingine amekaa kitandani na Pendo wa siku tatu, na kichwa chake kimekatwa nusu, kwa sababu aliyepiga ni mimi.

Hivyo ndivyo vilivyobaki. Simu yake ilikuwa ya vitufe. Ndoa yetu haikuwa na kamera ya video. Hakuna mahali popote Rebeka alipokuwa akitembea au akisema neno.

Sikuliona hilo kuwa tatizo mwaka wa kwanza. Nilikuwa na kazi. Dada yangu mdogo Esta alikuja kukaa nasi kumlea Pendo, nami niliendelea na vitunguu. Watu waliacha kunipa pole, jambo ambalo lilinirahisishia.

Halafu jioni moja Esta alikuwa anamwita Pendo aje kuoga, na mtoto alikuwa anajivuta kuja kwa sababu hapendi maji. Esta akacheka.

"Mwangalie anavyotembea. Mama yake huyo."

"Vipi?" niliuliza.

"Si unajua, kaka. Ule mguu."

"Ndiyo," nilisema.

Nilijua ule mguu. Rebeka alidondoka juu ya mwamba akiwa mtoto, akichunga mbuzi, na mguu mmoja ulikuwa unachelewa kidogo akitembea. Haukuwa ulemavu. Mtu asiyemfahamu asingeuona. Lakini nilipokaa kufikiri ni mguu upi, sikujua. Nilikuwa nimeishi naye miaka sita. Nilitoka uani nikajaribu kutembea nikichelewesha wa kulia, halafu nikajaribu wa kushoto. Yote miwili ilionekana sawa. Esta aliuliza kama nimechomwa na mwiba. Nikasema ndiyo.

Kesho yake nilimpigia Raheli.

"Wa kulia," alisema. Halafu akajirudi. "Ngoja. Akiwa amebeba ndoo kichwani… wa kushoto. Shemeji, kwa nini unaniuliza hivyo?"

Nikamwambia basi tu.

Kuanzia hapo nilianza kumpoteza kipande kipande, na nilikuwa naona kila kipande kikiondoka. Alikuwa anaanzaje kucheka? Alikuwa anamfunga mtoto mgongoni akianza na bega lipi? Pendo alikuwa na miaka mitatu na miezi kadhaa. Hakuwa na kumbukumbu yoyote ya mama yake, na hakuna ajabu, alimwacha na miaka miwili. Lakini mimi nilikuwa mtu mzima niliyetakiwa kumhifadhia, na nilikuwa nashindwa kazi hiyo.

Ndipo nilipomkumbuka Emiliana.

Emiliana ni msanii wa picha. Kwao ni Ikungi. Alisomea sanaa Dar es Salaam akarudi Singida mjini na kamera moja na stendi yake ya miguu mitatu, akaanza kurekodi mji. Alikaa wiki nzima mahali pamoja: stendi ya mabasi, mashine ya kukamua alizeti, kwa wauza kuku, bombani. Aliisimamisha kamera, akakaa pembeni juu ya ndoo iliyogeuzwa, na kamera haikumfuata mtu. Anayepita alipita. Mwaka uliotangulia msiba wetu, mwezi wa nane, vitunguu vikiwa vimejaa mjini na maganda yake yakipeperuka mpaka kwenye vikombe vya chai, alikuja sokoni kwetu.

Kwetu ukiona kamera kubwa ni harusi au ni msiba. Calist, jirani yangu wa kibanda, alikwenda kumhoji siku ya kwanza.

"Dada, harusi ya nani?"

"Hakuna harusi."

"Basi msiba."

"Hakuna msiba. Narekodi watu wanavyoishi."

"Sasa nani atawaangalia?" Calist alituangalia sisi ili tujue anasema vizuri. "Si tunawaona bure kila siku?"

"Ndiyo. Bure," Emiliana alisema. "Hebu sogea kidogo, kaka, umeziba mbuzi."

Tulicheka siku nzima.

Alikuwa na utaratibu wake. Mtu akishapita mbele ya kamera kwa muda wa kutosha, alimfuata, akamwonyesha kwenye kioo kidogo cha kamera alivyotoka, akamwuliza kama anakubali. Akikubali, aliambiwa asante. Akikataa, Emiliana alifuta hapo hapo, mbele ya macho yake, akamwonyesha tena kwamba haipo. Halafu alirudi kwenye ndoo yake, akatoa daftari la kaunta kwenye mkoba, akaandika. Calist alisema anaandika majina ya waliokataa awapelekee ofisi ya mtendaji. Watu wawili walikwenda kukubali kwa ajili ya hofu hiyo.

Siku ya Jumanne kamera ilikuwa imeelekezwa kwa Antipasi, mzee anayeuza miwa kwenye mkokoteni, ng'ambo ya barabara. Mimi sikuwa naona huko, magunia yalikuwa yamenizunguka. Calist alikuja akipiga makofi.

"Naftali! Mkeo kawa staa."

"Nini?"

"Shemeji yuko kwenye sinema. Anatafuna muwa katikati ya barabara, mtoto mgongoni, makapi anatema huku na huku kama anapanda mbegu."

Wachukuzi waliokuwa wamekaa juu ya magunia ya lumbesa walianza kucheka. Mmoja alisema kumbe vitunguu havimshibishi.

"Na unajua inaonyeshwa wapi?" Calist aliendelea. "Ukumbi wa kanisa. Yule dada amesema mwenyewe. Mzee Hezekia atakaa kiti cha mbele, kofia mapajani, aletewe mkwewe ukuta mzima anavyotafuna."

Mzee Hezekia ni baba yangu. Ni mzee wa kanisa, na kwake mambo yana mahali pake. Kwetu mwanamke aliyeolewa hali akitembea, na hasa hali mbele ya baba mkwe. Rebeka alipokuwa Kinampanda hakuwahi kutafuna hata karanga mzee akiwa uani. Barabara ile ya sokoni ndiyo inayoshusha watu wote wa Iramba, wilaya ya kwetu. Kichwani nilishamwona baba kwenye kiti cha mbele. Nilivuka barabara.

Emiliana alikuwa juu ya ndoo, daftari magotini. Rebeka alikuwa amerudi kwenye mkokoteni, anapokea chenji, na muwa uliobaki uko kwenye mfuko wa nailoni.

"Dada, futa hiyo," nilisema.

"Ipi, kaka?"

"Ya mke wangu."

"Mama Pendo? Mwenyewe amekubali. Tena amecheka."

"Mimi ndiye mume wake."

"Nimeelewa," Emiliana alisema, bila kupandisha sauti. "Lakini wewe humo ndani haumo."

Antipasi aliinama akajifanya anapanga miwa. Rebeka alikuja taratibu. Aliniangalia, akaangalia ng'ambo ambako Calist na wachukuzi walikuwa wamejipanga kama wanasubiri basi, na akaelewa yote.

"Futa tu, dada," alisema. "Huyu asije akalala na njaa kwa kunisusia chakula."

"Una hakika?"

"Nina hakika. Futa."

"Angalieni kwanza wote wawili, halafu nifute."

"Sina haja ya kuangalia," nilisema.

Rebeka aliangalia. Alikinga kioo na kiganja kwa ajili ya jua, Pendo akichungulia juu ya bega lake. Mimi niliangalia gurudumu la mkokoteni. Lilikuwa limefungwa kwa waya. Nilisikia Rebeka akicheka puani, halafu kamera ikalia mlio mdogo, na Emiliana akasema, "Haipo."

Tuliporudi nyumbani siku ile aliniuliza, "Ulikuwa unamwogopa nani?"

"Baba."

"Baba amekuambia?"

"Si lazima aniambie."

Alivunja kipande cha muwa akaninyooshea. Nilikikataa, kwa sababu tulikuwa barabarani.

Kutoka siku ile mpaka Jumatano ya Shelui ni miezi saba.

Kwa hiyo nilipomkumbuka Emiliana nilikumbuka pia kwamba sina haki ya kumdai chochote. Lakini nilikwenda. Alikuwa amepanga chumba nyuma ya mashine ya alizeti, na nilikwenda Jumapili mashine ikiwa imezimwa. Njia nzima nilikuwa naomba awe mwongo. Sokoni tunajua watu: mtu anakuambia amekupimia kamili, na hajakupimia kamili. Niliomba siku ile awe amebonyeza kitu kingine, akatudanganya, akabaki na picha yake. Ningemshukuru kwa wizi huo.

Alinikaribisha, akanipa ile ndoo nikae.

"Pole, Baba Pendo. Nilisikia, ila nilisikia msiba ukiwa umeshapita."

"Nimeshapoa, dada. Nimekuja kwa ajili ya ile picha."

Hakuniuliza ipi.

"Nilifuta," alisema.

"Watu wanasema ninyi wa kamera huwa hamfuti. Mnabonyeza tu ili mtu aridhike."

"Wengine labda. Mimi nilifuta."

"Hata nakala haikubaki?"

"Hata nakala."

"Sitakasirika ukisema ilibaki."

"Najua hutakasirika," alisema. "Ndiyo maana naona vibaya kukuambia sina."

Kulikuwa na harufu ya mashudu ya alizeti chumba kizima. Nikamwambia kuna kijana fundi simu pale stendi, Frank, anayesema kitu kilichofutwa kwenye kadi kinaweza kuvutwa. Nilimwomba anipe kadi aliyotumia mwezi ule. Emiliana alisita kwa mara ya kwanza.

"Aliyeniambia nifute ni yeye."

"Alisema kwa ajili yangu."

"Najua. Nilikuwepo."

Aliinuka akatafuta kwenye kopo lililojaa kadi ndogo, kila moja imebandikwa karatasi. Alikaa na moja mkononi muda mrefu. Sikumharakisha. Mwisho aliitia kwenye bahasha akanipa.

"Kama kimebaki kitu, kimebaki," alisema. "Ila nimerekodi juu yake mara nyingi, kaka. Usiende na matumaini makubwa."

Frank alikaa nayo siku mbili. Siku ya tatu aliniita akanigeuzia kompyuta yake. Kulikuwa na vipande: mabati ya paa, mbuzi asiye na miguu, robo ya gurudumu la baiskeli. Sehemu iliyobaki ilikuwa kijivu.

"Hiyo ndiyo iliyotoka, braza. Ni kama ubao wa shule. Darasa zima limeshaandika juu yake na kufuta."

"Mtu hakuna?"

"Mtu hakuna."

Aliniambia nisimlipe. Nilimlipa, kwa sababu kazi alifanya.

Nilirudisha kadi jioni ile ile. Emiliana alikuwa anaanua nguo, upepo ukimzungushia shuka mwilini. Nilimwambia Frank hakuona kitu. Aliitikia kwa kichwa, akaingia ndani na nguo zake, na aliporudi alikuwa ameshika lile daftari la kaunta.

"Nimekuwa najiuliza tangu Jumapili kama ni haki yangu kukuonyesha hili," alisema. "Na kama ni yako kuliona."

"Ni nini?"

"Waliokataa."

Nikakumbuka ofisi ya mtendaji. Nilimwambia tulivyokuwa tunasema sokoni, naye akacheka kidogo.

"Siandiki majina. Naandika nilichokiona. Mtu akisema futa, nafuta, ni haki yake. Lakini nimeshaona. Siwezi kujifanya sikuona. Kwa hiyo kila ninachofuta naandika siku ile ile kabla sijalala, na sionyeshi mtu."

Alifungua ukurasa aliokuwa ameshaukunja pembe, akanipa, akaenda kuketi mbali nami, kwenye kizingiti.

Niliandika maneno yale kwa mkono wangu baadaye, kwa hiyo ninayo yote.

*Jumanne, saa nne na robo asubuhi. Mkokoteni wa miwa. Sekunde 41.*

*Mwanamke anatokea kushoto. Kitenge cha kijani chenye duara za njano, kilemba cheusi. Mtoto mgongoni, macho wazi. Anatembea haraka, lakini mguu wa kushoto unachelewa, kama mtu anayekumbuka kitu kila hatua. Anasimama kwa muuza miwa. Anaichagua kwa kuigonga na kucha, anasikiliza. Anakataa miwili, anachukua wa tatu. Mzee anamenya. Upepo unaleta maganda ya vitunguu, yanapita katikati yao, anafumba macho mpaka yaishe. Anauma. Anatafuna. Kipande kilicholainika anakitoa, anampa mtoto nyuma bila kugeuka, mkono unajua mdomo ulipo. Mwanamume mwenye baiskeli anakuja. Anauficha muwa nyuma ya kitenge, anapiga goti kidogo, anasalimia. Baiskeli ikishapita anautoa tena, anacheka peke yake. Anaangalia upande wa vibanda vya vitunguu. Anaangalia kwa muda mrefu. Anatoka kulia.*

*Amekubali. Baadaye ameomba ifutwe, mumewe akiwepo. Nimefuta. Mumewe hakuangalia.*

Nilisoma mara ya kwanza haraka, kama mtu anayetafuta jina lake kwenye orodha. Wa kushoto. Mara ya pili nilisoma taratibu. Sikujua kwamba alikuwa anasikiliza muwa. Sikujua kwamba alificha mwenyewe, bila mtu kumfundisha, alipoona mtu wa kuheshimu. Nilikuwa nimevuka barabara kwenda kumfundisha.

"Huyu wa baiskeli alikuwa nani?" niliuliza.

"Simjui. Alikuwa mzee mzee."

"Na vibanda vya vitunguu. Alikuwa ananiangalia mimi?"

"Sijui, kaka. Nimeandika alikoangalia. Alichokiona sikukijua."

Nilimwomba achane ule ukurasa anipe. Alikataa. Nilikuwa nimeshategemea atakataa. Akanipa karatasi na kalamu, nikanakili nikiwa juu ya ndoo mpaka mwanga ulipoanza kupungua. Nilikosea mara mbili nikakata. Sikuwa nimeandika kitu kirefu hivyo tangu kidato cha nne. Sentensi ya mwisho nilisimama nayo kidogo, kisha nikainakili pia. Nilipomaliza, Emiliana alipokea karatasi zangu akazilinganisha na daftari neno kwa neno, akaongeza nukta moja niliyoisahau, akanirudishia.

Tangu siku hiyo na mimi nikikumbuka kitu kuhusu Rebeka nakiandika. Mengi ni madogo. Haya pia nimeyaandika kwa sababu hiyo.

Sinema ilionyeshwa mwaka jana, Jumamosi mchana, ukumbi wa kanisa. Walitundika shuka mbili zilizoshonwa pamoja na kuziba madirisha kwa magunia. Emiliana hakuweka muziki wala mtu wa kueleza. Ulikuwa mji tu, saa moja na nusu. Watu walipiga kelele kila walipojiona. "Huyo mimi! Huyo mimi, jamani!" Calist alipotokea na lumbesa mgongoni, amepinda kama ndoano, alisimama kwenye kiti akainamia watu. Mama mmoja alionekana anatafuna hindi la kuchoma huku anavuka barabara, na ukumbi ulicheka, naye akacheka kuliko wote. Hakuna kilichomtokea.

Baba yangu alikuwa kiti cha mbele, kofia mapajani.

Nilikuwa nasubiri mkokoteni wa Antipasi. Ulipofika, mzee alikuwa amesimama na muwa mzima mkononi, ananoa kisu. Halafu picha ikaruka. Kisu kilikuwa kinapanguswa, muwa haupo, na maganda mabichi yako miguuni pake. Hakuna aliyeona kitu. Antipasi mwenyewe alikuwa safu ya tatu akijionyesha kwa wajukuu zake.

Baada ya hapo watu walitoka nje kwenye jua wakisimama makundi makundi. Nilimkuta baba pembeni ya ukuta, anakinga upepo.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Mji huu una mbuzi wengi kuliko nilivyodhani." Alivaa kofia yake. "Rebeka sikumwona humo."

"Alikataa."

"Alikataa nini? Yule hakuwa na makuu."

Nilikuwa nimekaa na jambo lile muda mrefu, nikaona nilimalize. Nilimwambia kwamba Rebeka alirekodiwa akila muwa barabarani, kwamba mwenyewe hakukataa, kwamba aliyetaka ifutwe ni mimi.

"Nilidhani utachukia, baba."

"Muwa?"

"Ndiyo."

Alitoa ganda la kitunguu lililonasa kwenye koti lake, akaliachia upepo.

"Mama yako akiwa na mimba yako alikula udongo toka Kinampanda mpaka Kiomboi," alisema. "Barabara nzima, watu wanaona. Na mimi nyuma nimebeba."

"Umebeba nini?"

"Udongo. Alikuwa ameshika mwavuli."

Halafu akaniuliza choo kiko wapi, nikamwonyesha.

Karatasi zangu ziko kwenye sanduku la bati, ndani ya mfuko wa nailoni, chini ya kile kitenge cha kijani. Esta amesema mara mbili amsomee Pendo. Nimemwambia hapana, atasoma mwenyewe. Sasa ana miaka mitano na nusu, yuko awali, na kila jioni ananisomea silabi akiwa amesimama, kwa sababu mwalimu amesema asome amesimama. Amefika *na, ne, ni, no, nu*. Neno la kwanza kwenye karatasi, baada ya saa na mahali, ni *Mwanamke*. *Mwa* bado hawajafundishwa. Darasa la kwanza anaanza Januari.